Mtangazaji wa jioni kamwita Sridevi "yule wa beseni" na studio nzima ikacheka

Mjukuu wa Vuga (mleta uzi)

Wakuu, nimezima redio sasa hivi na mikono inatetemeka. Simtaji. Mnamjua. Yule wa kipindi cha jioni, anayecheka kabla utani wake haujafika mwisho, anayewakatia simu wenye la maana na kuwaachia saa nzima wanaomsifia shati ambalo redioni halionekani. Huyo huyo.

Kapiga simu mama mtu mzima, sauti ya heshima kabisa, kaomba wimbo. "Mwanangu, niwekee ule wa Sridevi." Jamaa akajibu: "Sridevi yupi mama, yule wa beseni?" Halafu kicheko. Na wenzake wawili mle ndani nao wakaangua kicheko mpaka nikasikia kiti kinaburuzwa. Mama wa watu kimya. Simu ikakatwa, likaja tangazo la sabuni.

Yule wa beseni!

Huyu ni mwigizaji wa India, mwanamke aliyesimama mbele ya kamera kule Tamil Nadu akiwa na miaka minne. Minne, wakuu! Wewe mtangazaji ulipokuwa na miaka minne ulikuwa unalilia andazi. Mwaka 1971, akiwa mtoto wa miaka minane, jimbo la Kerala likampa tuzo ya mwigizaji bora mtoto. Mwaka 1976, ana miaka kumi na mitatu, kacheza mama wa kambo wa mwigizaji Rajinikanth, na Rajinikanth kampita miaka kumi na miwili! Kitamil, Kitelugu, Kimalayalam, Kikannada, kisha ndiyo akaja kuwateka Wahindi wa Mumbai. Picha yake ya mwisho kama nyota, Mom ya 2017, ilihesabiwa kuwa ya 300. Picha mia tatu, halafu unamkumbuka kwa usiku mmoja?

Alikwenda harusini. Harusini! Ras Al Khaimah, harusi ya ndugu wa mumewe, kisha akabaki Dubai. Tarehe 24 Februari 2018 mumewe akamkuta kwenye maji, ndani ya beseni la kuogea la hotelini. Miaka 54. Mamlaka za Dubai zikasema alipoteza fahamu akazama, bahati mbaya, faili likafungwa. Binti yake mkubwa, Janhvi, alikuwa Mumbai anapiga picha yake ya kwanza. Ilitoka Julai, mama hayupo. Hapo pana kichekesho gani? Nionyesheni nami nicheke.

Yule wa beseni. Alisema hivyo kwa mama mtu mzima, hewani, saa za watu kutoka kazini. Hata shetani angeomba udhuru.

Kisu cha Mwembe

Mleta uzi, kwani ulimuoa wewe? Tafuta hela mkuu.

Siti ya Mbele

Nimekaa paleee. Chai nimeshaweka jikoni.

Mjukuu wa Vuga

@Kisu cha Mwembe, wewe ungekuwa ndiye mama yule, umekatiwa simu unachekwa, ungeniambia nitafute hela? Kasema BESENI. Kwa mama.

Fundi Redio

Kuna jambo hamjaligundua. Kipindi chenyewe kinafunguliwa na nini? Zile sekunde za mwanzo, kabla hajajitaja jina mara sita? Ni wimbo wa Chandni, picha ya Yash Chopra ya 1989. Sasa sikilizeni. Nyimbo za Sridevi nyingi waliimba waimbaji wa nyuma ya pazia, akina Lata Mangeshkar, Asha Bhosle, Kavita Krishnamurthy. Ila ule wa Chandni unaotaja jina la picha, Sridevi kaimba mwenyewe, pamoja na Jolly Mukherjee. Lile ni koo lake. Kila jioni jamaa anafungua kipindi kwa sauti ya mtu anayemwita wa beseni.

Mjukuu wa Vuga

WAKUU MMESOMA HAPO JUU? Sauti yake ndiyo inayomfungulia mlango wa riziki kila jioni! Halafu anacheka! Nimeinuka kwenye kiti, nimekaa, nimeinuka tena.

Umrao wa Tandika

Sawa, ila kwenye sauti msitupake rangi. Miaka ya mwanzo Sridevi kwenye picha za Kihindi alikuwa anasemewa na wenzake. Himmatwala ya 1983 ile mnayoililia, si sauti yake. Aakhree Raasta ya 1986, aliyemsemea ni mwigizaji mwenzake, Rekha. Rekha huyo huyo ambaye kila akitajwa mnauliza uvumi wa mapenzi na mwigizaji Amitabh Bachchan. Mwanamke kachukua Tuzo ya Taifa kwa Umrao Jaan, hamuulizi alivyoifanya ile kazi, mnauliza kwa nini kapaka sinduri kichwani, ile rangi nyekundu ya wake za watu. Mimi hilo ndilo linaloniuma, la beseni litapita.

Mjukuu wa Vuga

Litapita vipi? Alisemewa kwa kuwa Kihindi hakukijua, ni Mtamil! Alikuja Mumbai na Solva Sawan mwaka 1979, ikaanguka, akarudi kusini kufanya kazi, akaja tena na Himmatwala akaitikisa nchi. Chandni ndiyo alianza kujisemea mwenyewe. Huyu mtangazaji wetu kazaliwa na Kiswahili na bado anasema "nawasalimia wote popote ulipo".

Kisu cha Mwembe

Na Roop Ki Rani Choron Ka Raja mbona huitaji? Walitumia miaka na mabunda ya fedha, 1993 ikaanguka kifo cha mende. Tuambie na hiyo basi.

Mjukuu wa Vuga

Ilianguka, ndiyo. Mwaka huo huo kafanya Gumrah. Mwaka kabla yake kacheza Khuda Gawah na Amitabh, wakaenda kupiga picha mpaka Afghanistan, nchi iko vitani. Wewe ukiambiwa uende Mbagala jua la saa nane unaanza kuumwa kichwa.

Chausiku wa Makorora

Mimi naunga mkono mia kwa mia. ChaalBaaz kacheza mapacha, mmoja mwoga mmoja mkorofi, na ukimtazama unajua yupi ni yupi kabla hajafungua mdomo, kwa mabega tu. Wimbo wa mvua mle ndani inasimuliwa alikuwa na homa kali. Na English Vinglish! Kakaa nje miaka kumi na mitano tangu Judaai ya 1997 akilea wanawe, akarudi 2012 kama mama muuza ladu ambaye mumewe na bintiye wanamcheka kwa kutojua Kiingereza. Mama yangu aliitazama akalia mpaka akazima taa tusimuone. Kwa hiyo kumcheka mama hewani kwa sababu kaomba wimbo wa Sridevi, huyo mtu hajatazama hata picha moja.

Mzee wa Odeon

Vijana, tulieni. Mnalia wa 2018, sisi tunaye wa 1972. Mwigizaji Meena Kumari. Picha yake Pakeezah imetoka Februari, ukumbini watu wa kuhesabu, magazeti yanaibeza. Tarehe 31 Machi akafariki, umri 38. Ndipo watu wakajipanga foleni! Picha iliyochukua zaidi ya miaka kumi kutengenezwa, walisubiri azikwe ndipo waone ni nzuri. Na mpaka leo mkimtaja mnataja chupa. Hakuna anayetaja kwamba mwaka 1963 nafasi zote tatu za mwigizaji bora wa kike kwenye tuzo za Filmfare za India zilikuwa zake yeye, kashindana na nafsi yake. Hilo nimelisema kwenye vikao vingi, napuuzwa.

Siti ya Mbele

Shikamoo mzee. Endelea, chai imeiva.

Dada wa Chumbageni

Mnamlaumu wa kwetu bure, walioanza ni Wahindi wenyewe. Mwili bado uko Dubai, televisheni zao zinachora beseni, zinaweka picha yake ndani. Mwandishi mmoja aliingia kabisa kwenye beseni, akalala, kamera inamwangalia, eti anaonyesha ilivyokuwa. Halafu siku chache baadaye wale wale wakaonyesha jeneza limefunikwa bendera ya taifa, wanalia. Huyu wenu kaiga.

Mjukuu wa Vuga

Kuiga si udhuru! Mimi nasema la leo. Mama kapiga simu, kasema mwanangu, kajibiwa beseni.

Kanda ya Kale

Naomba nami nitoe dukuduku. Hao watangazaji ni nafuu. Shida kubwa ni wanaotafsiri picha. Juzi nimekaa na Sadma, picha ya Sridevi. Mnaijua ile ya mwisho: kituo cha treni, mvua, Kamal Haasan kamlea yule binti, Sridevi, alipopoteza kumbukumbu, sasa kapona na hamjui tena. Jamaa anaruka, anajigaragaza, anaigiza nyani kama walivyokuwa wakicheza nyumbani, ili tu amkumbuke. Yeye dirishani anamwona kichaa wa barabarani, anamtupia chakula. Pale hapasemwi kitu! Mtafsiri wetu, mnamjua, kaanza kuwasalimia wateja wake wa Kigoma na kutangaza namba ya simu ya duka. Treni inaondoka, yeye anasema "oda zenu zimeshafika".

Chausiku wa Makorora

Huyo! Huyo huyo! Nagina kaiharibu yote. Sridevi ameshakuwa nyoka, macho yamebadilika, Amrish Puri anapuliza, jamaa anatuambia "mchumba wangu naye akikasirika hivi hivi".

Umrao wa Tandika

Kwangu alimpa Rekha sauti ya mlevi. Nilitoa waya ukutani.

Mjukuu wa Vuga

Jamani turudi kwenye mada. BESENI.

Fundi Redio

Mtafsiri wa zamani wa Mwanza alikuwa anakaa kimya wimbo ukianza. Siku hizi wanaimba nao, na hawajui maneno.

Mzee wa Odeon

Enzi zetu hatukutafsiriwa. Tulilia bila kuelewa neno na tulikuwa sahihi.

Kanda ya Kale

Nani ana Sadma safi, isiyotafsiriwa? Nalipa.

Kisu cha Mwembe

Ninayo. Ila mimi hasira zangu ni kwa mwenye kibanda umiza wa mtaani kwetu. Jumapili kaahidi Khuda Gawah, tumelipa, tumekaa, Amitabh anatoka jela baada ya miaka yote ile, mlango wa gereza unafunguka, jamaa kachomoa katuwekea mpira. Watu arobaini na shati zimelowa machozi, tunaangalia kona.

Siti ya Mbele

Hela alirudisha?

Kisu cha Mwembe

Senti haijarudi. Kasema mpira ndio ghali.

Dada wa Chumbageni

Wa kwetu naye ni hivyo hivyo! Na feni kaihamishia upande wake.

Fundi Redio

Mpira wenyewe uliishaje?