Fuso: jumla iko sawa, ekseli ya nyuma (mhimili wa tairi za nyuma) imezidi. Nishushe gunia ngapi?

MamaViazi:
Wakuu, naombeni msaada wa haraka. Fuso langu limeshikiliwa mizani tangu saa 11 alfajiri. Limebeba viazi vya Njombe, gunia 90 za kilo mia mia, si lumbesa, nilisimama mwenyewe zikipimwa. Karatasi inasoma mbele 4,100, nyuma 10,900, jumla 15,000. Gari la ekseli mbili linaruhusiwa 8,000 mbele na 10,000 nyuma, yaani 18,000. Nimebakiza tani 3 nzima, halafu naambiwa nimezidisha!

Likiwa tupu ni 3,200 mbele na 2,800 nyuma. Ekseli hadi ekseli ni mita 5. Dereva alinipigia mapema akasema usukani umekuwa mwepesi, nikajua ni uchovu tu. Halafu nyuma ya kebini tuliacha nafasi ya maparachichi ya mteja, naye hakutokea. Viazi viko chini ya turubai na jua linapanda.

Kijana wa Lami:
Shusha kumi uziuze hapo hapo, safari iendelee.

Fundi Chesisi:
Dada yangu, usishushe hata moja. Jibu umelitaja mwenyewe: ile nafasi ya maparachichi.

Viazi ni kilo 9,000. Toa uzito wa gari tupu utaona ekseli ya mbele imepata 900 tu, ya nyuma imebeba 8,100. Mbele imepata sehemu moja ya kumi, kwa hiyo kitovu cha mzigo kiko sehemu moja ya kumi ya zile mita 5, nusu mita tu mbele ya ekseli ya nyuma. Mzigo karibu wote umekalia difu, yaani ekseli ya nyuma.

Sasa tazama gunia za mlangoni, zile zilizopita tairi za nyuma. Gunia lililo mita moja na nusu nyuma ya ekseli halilemei kilo 100 pale, linalemea 130, kwa sababu linainua mbele kilo 30. Ndiyo maana usukani ukawa mwepesi. Dereva wako hakuwa amechoka, alikuwa anakueleza hali ya gari.

Chukua gunia 10 za mwisho kabisa mlangoni, zipeleke nyuma ya kebini. Zikisogea mita 5, sawa na umbali wa ekseli hadi ekseli, tani moja nzima inatoka nyuma inahamia mbele.

Mzee wa Kitonga:
Sikiliza fundi, mwanangu. Ila wasizirundike juu. Ukishika breki mteremkoni uzito unakimbilia mbele, na mzigo ukiwa mrefu unakimbia zaidi. Tairi za nyuma zinabaki nyepesi, na hizo ndizo zinazoteleza. Zilazwe chini, zikazwe kamba. Kisha dereva asimame nyuma ya gari aangalie springi za kulia na kushoto kama zimekaa sawa.

MamaViazi:
Asanteni sana. Makuli wameshapanda. Lakini kwa nini wasiangalie jumla tu?

Fundi Chesisi:
Lami haibebi jumla, inabeba ekseli moja moja inapopita. Wamarekani walifanya majaribio ya AASHO, chama cha maofisa wa barabara kuu wa majimbo yao, kule Illinois, 1958 hadi 1960, malori yakizunguka mchana na usiku kwenye barabara za majaribio. Ikaonekana uharibifu unapanda kwa takriban kipeo cha nne cha uzito wa ekseli. Ukiongeza asilimia 20 kwenye ekseli, barabara inaumia karibu mara mbili. Zile tani 3 ulizobakiza kwenye jumla hazipunguzi chochote kwa zile tairi za nyuma.

MamaViazi:
MREJESHO: Wamehamisha gunia 10, dakika 40, hakuna lililoshushwa. Karatasi mpya: mbele 5,060, nyuma 9,940. Tumeruhusiwa. Fundi, Mungu akubariki. Dereva amenipigia akiwa Ilula, nimemwomba radhi kwa kutomsikiliza asubuhi. Anasema usukani umeshika barabara, na mteremko wa Kitonga atashuka kwa gia ndogo.