Mkopo wa nyumba miaka 15 au kujenga kidogo kidogo? Waliopitia nisaidieni, niko Mtwara

MamaChuno:
Habari za jioni wadau. Mimi na mume wangu ni waajiriwa hapa Mtwara mjini, mwaka wa tisa huu tunapanga. Kodi ni 250,000 kwa mwezi na mwenye nyumba ameshatupandishia mara mbili. Kuna nyumba inauzwa Chuno, vyumba vitatu, hati ipo, milioni 70. Kumi tunazo. Benki wamekubali kutupa 60 kwa riba ya asilimia 17, tulipe miaka 15. Afisa mikopo kasema rejesho ni 923,400 kwa mwezi, na kwa mishahara miwili tunaliweza.
Jana usiku mume kalala, nikakaa na lile karatasi la marejesho. Mstari wa kwanza: unalipa 923,400, riba 850,000, kinachopunguza deni 73,400. Nikadhani wamekosea kuchapa. Nikashuka hadi mstari wa 60, yaani miaka mitano imeisha: tutakuwa tumetoa milioni 55 na ushee, na deni bado ni milioni 53. Nikajumlisha karatasi zima, milioni 166. Kwa mkopo wa 60!
Hivi ndivyo ilivyo kwa wote au tunapigwa? Na mliojenga wenyewe, mlimaliza kwa shilingi ngapi hasa? Mume anataka tusaini Ijumaa.

Fundi_Mtanda:
Dada yangu usisaini. Mimi fundi, niko Lindi, nimejenga kuanzia Rasbura hadi Mitwero. Milioni 166 unapata nyumba mbili na fremu za duka mbele. Nunua kiwanja, fyatua tofali, mwezi huu mifuko kumi ya saruji, mwezi ujao nondo. Dangote yuko hapo hapo kwenu tangu 2015, saruji haitoki mbali.
Tatizo letu watu wa Kusini ni nidhamu tu. Wa mshahara angalau anajenga. Wa korosho Desemba ana pikipiki mpya na spika, Machi hana hata ya unga. Ndiyo maana nyumba nzuri zote mjini ni za wageni.

KoroshoTandahimba:
Fundi, mada ya dada nitairudia, ila hilo la "Machi hana" ngoja nilijibu kwanza.
Unajua Machi mkulima anafanya nini? Ana ada za watoto tangu Januari, ana palizi, na Juni inamsubiri na salfa, maana usipopulizia ubwiri unga unamaliza maua yote. Wewe ukimaliza kupaua unalipwa siku hiyo hiyo. Mimi napeleka mzigo chama cha msingi, napewa stakabadhi, nasubiri mnada, ndipo nasubiri hela. Baba yangu alilea watoto saba kwa mikorosho na nyumba yake ya bati ipo, njoo nikuoneshe. Spika hana.

Mhasibu_Ligula:
MamaChuno, hujapigwa. Hesabu yako iko sahihi kabisa na nakupongeza kwa kusoma karatasi lote, wengi wanaangalia rejesho la mwezi tu.
Inavyokwenda ni hivi. Asilimia 17 kwa mwaka ni kama 1.417 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 60 nzima, ndiyo hiyo riba ya 850,000. Kinachobaki kwenye rejesho ndicho kinachokwenda kwenye deni. Deni linashuka polepole, riba nayo polepole, ndiyo maana miaka ya mwanzo ni kama unalipa riba tupu. Na hapo umepewa riba ya salio linalopungua. Wangekupigia riba bapa, asilimia 17 ya 60 kila mwaka kwa miaka 15, ungetoa milioni 213. Kabla ya Ijumaa hakikisha mkataba umeandika ipi.
Kwenye hiyo 166 ongeza pia tathmini ya nyumba, ada ya mkopo, mwanasheria, bima ya moto na bima ya maisha. Bima usiione ndogo, italipwa miaka yote 15.

Fundi_Mtanda:
Korosho umechukulia kwa hasira. Sikusema wote. Lakini mimi ndiye naitwa Novemba kupiga msingi na Februari naambiwa "fundi subiri msimu ujao". Nina misingi minne hivi sasa imeota nyasi, na yote ni ya wakulima. Naongea nilichokiona kwa macho.

KoroshoTandahimba:
Misingi imeota nyasi kwa sababu bei haitabiriki! 2018 watu walishaanza msingi, mnada ukasimama, serikali ikasema itanunua yenyewe kwa 3,000, jeshi likaja kubeba, na hela wengine tuliiona mwaka uliofuata. Ungekuwa wewe ungeendelea kupaua kwa ahadi?

BintiMikindani:
Ilikuwa 3,300 kwa kilo, kaka. Ila kucheleweshwa ni kweli, na nyumbani kwetu tulicheleweshwa pia.
Nirudi kwa MamaChuno. Dada, mimi ni Muislamu na naona hujaligusa: hii ni riba. Jina lenyewe liko kwenye karatasi. Benki zenye huduma za Kiislamu zipo, Amana Bank ina zaidi ya miaka kumi sasa. Kwenye mpango wao wa murabaha, benki inainunua nyumba, inakuuzia kwa bei ya juu, unalipa kidogo kidogo. Bei mnakubaliana siku ya kwanza na haipandi.

Wa_Mangamba:
Binti, tofauti ni jina tu. Benki ikinunua kwa 70 ikakuuzia kwa 150, hiyo 80 ya juu tuiiteje?

BintiMikindani:
Tuiite faida ya biashara, na ni halali, kwa sababu muuzaji ameimiliki nyumba kwanza na bei imetajwa mbele yako. Usiichezee dini ya watu kwa sentensi moja. Na hata ukiiweka dini pembeni, mamangu aliuza duka la khanga miaka thelathini na hakuwahi kumkopesha mtu bila kumtajia jumla: "utanilipa elfu kumi na mbili, yote". Afisa mikopo alimtajia MamaChuno 923,400. Hakumtajia 166, ameijumlisha mwenyewe usiku na kalamu. Hapo ndipo ninapokerwa.

MamaChuno:
Binti umenigusa. Ni kweli, neno "jumla" halikutajwa kwenye kile kikao hata mara moja. Mimi ni Mkristo lakini hilo nalielewa.

Wa_Mangamba:
Mnatishana bure. Shilingi inashuka thamani kila mwaka. Hiyo 923,400 miaka kumi ijayo itakuwa hela ya mboga. Kopa dada, mfumuko wa bei utakulipia.

Mhasibu_Ligula:
Mfumuko wetu miaka ya karibuni unacheza kwenye asilimia 3. Riba ni 17. Mfumuko wa 3 hauwezi kukulipia 17. Nyumba ya milioni 70 inabidi ipande bei zaidi ya asilimia 6 kila mwaka, miaka 15 mfululizo, ndipo ifikie hela zote watakazokuwa wametoa. Inaweza kupanda hivyo, sikatai, lakini anayesema lazima itapanda anabahatisha na mshahara wa mwenzake.

MzeeWaShangani:
Niliapa kunyamaza ila hapo Mhasibu umenitoa ndani.
Vijana, 2012, 2013 hapa Mtwara kila mtu aliota gesi. Viwanja vilipaa. Kampuni zilikuwa zinatafuta nyumba za kupangisha wafanyakazi, wengine wakilipa kwa dola. 2014 nikachukua mkopo wa milioni 45 kwa miaka kumi, nikajenga nyumba ya kupangisha, nikiwa nimepiga hesabu kwamba mpangaji ndiye atakayelipa benki. Alilipa miezi kumi na nne. Bomba la kwenda Dar likakamilika, wageni wakapungua, nyumba ikakaa tupu. Mke wangu alikuwa anaenda kila Jumamosi kufungua madirisha ili isinuke unyevu. Rejesho halikusubiri. Na mkataba ulikuwa na kifungu sikukisoma, kwamba riba inaweza kubadilika, ikapanda kutoka 19 hadi 21. Nikauza shamba la mikorosho Naliendele kuokoa nyumba.
Kwa hiyo mwanangu MamaChuno, uliza kama riba imefungwa au inabadilika. Na wewe fundi, mimi nina mshahara wa serikali maisha yangu yote na mikorosho ndiyo iliyoniokoa.

KoroshoTandahimba:
Mzee shikamoo. Fundi umesoma hapo?

Fundi_Mtanda:
Mzee shikamoo, pole sana. Nimesoma. Lakini Mzee amethibitisha nilichosema, mkopo mbaya, jenga mwenyewe.

Mwl_Nachingwea:
Jenga mwenyewe, jenga mwenyewe. Fundi, umewahi kukaa kwenye boma lako au unajenga ya wenzako tu?
Mimi nilianza 2013, nikahamia 2024. Miaka 11. Daftari ninalo: vifaa na ufundi milioni 41. Kila mtu nikimwambia 41 anasema "umefanya vizuri mwalimu". Lakini miaka yote hiyo nilikuwa nimepanga kwa 150,000, hiyo ni karibu milioni 20 nyingine. Ukuta wa nyuma ulivunjwa ukajengwa upya kwa sababu ulinyeshewa misimu mitano bila paa. Nondo za lenta zilioza kwa kutu. Mwaka mmoja nilinunua saruji mapema nikiogopa kupanda bei, mifuko kumi na miwili ikaganda stoo, mpaka leo nimeipanga mlangoni kama ngazi, wanangu wanakanyagia. Sebuleni uliota mpapai, tukala matunda yake kabla ya kuezeka. Binti yangu wa kwanza alikuwa darasa la kwanza tulipochimba msingi. Tulipohamia alikuwa ameshaondoka kwenda chuo. Chumba chake hajawahi kukilalia zaidi ya likizo.
Simwambii MamaChuno akope. Nasema tu kwamba anayemwambia kujenga kidogo kidogo ni bure hajapiga hesabu.

Fundi_Mtanda:
Mwalimu ukuta kunyeshewa misimu mitano ni kosa la fundi wako, hakufunga juu. Usitubebeshe wote.

Mwl_Nachingwea:
Fundi wangu alikuwa mtu mwema na alinisubiri mshahara mara nyingi. Mvua haikunisubiri.

Dada_Newala:
Mimi nimekwama kwenye mstari mmoja wa MamaChuno: "mume anataka tusaini Ijumaa". Dada, wewe unataka nini? Sheria ya Ardhi ya 1999 inasema nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza. Sahihi yako wanaihitaji. Ukiona hujaelewa, usiitoe hadi uelewe.

Wa_Mangamba:
Haya, sasa tumefika kwenye kuvunja ndoa za watu.

Dada_Newala:
Kuuliza swali hakuvunji ndoa. Dada yangu wa tumbo moja alisaini karatasi asiyoisoma, na siku dalali anakuja na spika getini yeye ndiye aliyekuwa anakaanga maandazi ya watoto. Akamuuliza dalali, "nyumba ya nani hii unaitangaza?" Huwezi kunifundisha ndoa kwenye jambo hili.

MamaChuno:
Jamani asanteni, na Dada_Newala pole sana kwa dada yako. Mume wangu si mbaya. Amechoka kuhamishwa tu, na mimi nimechoka. Kitinda mimba wetu ana miaka sita na ameshahama nyumba tatu. Hilo halimo kwenye karatasi la benki wala kwenye daftari la Mwalimu.
Mhasibu, nina swali moja. Tukijibana tukaongeza laki moja kila mwezi juu ya rejesho, inasaidia chochote au inapotea?

Mhasibu_Ligula:
Inasaidia kuliko unavyodhani. Laki yote inakwenda kwenye deni, haigawani na riba. Ukianza mwezi wa kwanza usiache, unamaliza kwa miaka 10 na nusu badala ya 15, na jumla inashuka kutoka 166 hadi kama milioni 129. Unaokoa milioni 37 kwa laki moja moja. Na ukitoa kodi uliyonayo sasa, ambayo kwa miaka 15 ni milioni 45 hata wasipopandisha tena, hesabu inaanza kufanana na kitu mtu mzima anaweza kukiamua.
Lakini mambo mawili lazima yawe kwenye maandishi. Kwanza, kwamba nyongeza inapunguza deni hapo hapo, haikai pembeni kama rejesho la mwezi ujao. Pili, kama kuna faini ya kulipa mapema. Na msichukue rejesho linalogusa ukomo: sheria inataka theluthi ya mshahara ibaki, ila theluthi hiyo ikibaki peke yake mtakula nini? Mwenye makato ya bodi ya mikopo ya chuo asisahau, ile asilimia 15 inakatwa kwanza.

MamaChuno:
Mume bado anakatwa bodi. Hatukuihesabu.

Mhasibu_Ligula:
Basi hesabuni leo, kabla ya Ijumaa.

BintiMikindani:
Na waambie wakuandikie jumla kwa maneno, juu ya karatasi, wapige mhuri. Usiondoke bila hiyo.

MamaChuno:
Nimemuamsha. Tumekaa mezani na karatasi, ameuona mstari wa kwanza na yeye, amenyamaza muda mrefu. Ijumaa tunaenda, ila tunaenda kuuliza: riba imefungwa au inabadilika, nyongeza inakwenda wapi, faini ya kumaliza mapema, bima kwa mwaka ni ngapi. Kusaini tumesogeza hadi tupate majibu kwa maandishi. Mwenye nyumba wa Chuno tumempigia, amesema anatusubiri wiki mbili.

Fundi_Mtanda:
Wiki mbili hizo njoo Lindi nikuoneshe kiwanja Mitwero. Kuona ni bure.

KoroshoTandahimba:
Fundi, kabla hujauza viwanja, "Machi hana" bado hujaifuta.