Mama alikubali kurekodiwa, sasa anataka kipande kimoja kifutwe. Nifanyeje?

Habari zenu wakuu. Natengeneza filamu ya makala kuhusu familia yetu. Babu alichukuliwa usiku na watu wenye silaha, hakurudi. Mama alikuwa mdogo. Nyumbani habari hiyo haiguswi, ila tumekua nayo: gari likisimama nje usiku, mama huzima taa kwanza. Mimi niliyezaliwa miaka mingi baadaye nafanya vilevile.

Mama aliongea vizuri mpaka akamtaja jirani aliyewaonyesha nyumba. Kesho yake akasema, "Pale pa jirani pafute." Mjomba naye anasema nafukua makaburi. Picha ya babu ni moja tu, tena imechanika usoni. Nishaurini.

MzeeWaMataa: Toa, na umwambie leo kwamba umetoa. Fomu aliyosaini alisaini kabla hajajisikia akiyasema. Mimi naomba ruhusa mara mbili: kabla ya kurekodi, na baada ya mhusika kutazama mkato wa kwanza, yaani filamu ikishahaririwa mara ya kwanza. Isitoshe, huyo jirani ana wajukuu, na ushahidi wako ni mtoto aliyeona gizani. Ukimtaja unaweza kushtakiwa.

Binti_Sauti: Nabisha kidogo mkuu. Jina litoke, sawa, lakini kwamba kuna mtu wa karibu aliyewauza ndiyo sababu familia nzima haimwamini mtu. Muulize mama kama tatizo ni jina au ni kisa chote. Hayo ni mambo mawili.

MzeeWaMataa: Hapo nakubali.

Kinasa: Ukosefu wa picha usikutishe. Mtengeneza filamu Rithy Panh wa Kambodia, aliyepoteza wazazi wakati wa utawala wa kikatili wa Khmer Rouge, mwaka 2013 alitoa filamu aliyosimulia kwa vinyago vya udongo. Wewe weka picha iliyochanika mezani, rekodi mikono ya mama akiishika. Maswali ya "ulijisikiaje" achana nayo. Muulize mlango ulikuwa upande gani, nani alilala wapi. Akianza kutetemeka, zima.

Daktari_wa_Mtaa: Tafuta mwanasayansi aseme kiwewe, yaani jeraha la moyo linalobaki baada ya tukio la kutisha, kinarithiwa kwenye damu, filamu itapata uzito.

Binti_Sauti: Taratibu. Utafiti wa mwanasayansi Rachel Yehuda na wenzake unaotajwa sana kwenye hoja hiyo, wa 2016, ulipima manusura 32 wa maangamizi ya Wayahudi na watoto wao 22. Ni wachache mno kubebeshwa filamu. Hiyo taa anayozima inatosha, na mtoto hujifunza kwa kutazama.

Kinasa: Mjomba alikuwa na umri gani usiku ule?

Mwenye uzi: Ni kaka yake mama, alikuwa kama miaka kumi na miwili. Mama anasema ndiye aliyefungua mlango.

Kinasa: Basi kwake usiende na kamera, hata begi la vifaa liache. Kaa naye tu, na filamu usiitaje mpaka aitaje mwenyewe.