Tupeane uzoefu: Kanuni ya kurusha iliyokugharimu ushindi

Mwalimu wa Ahero
Ndugu zangu, hamjambo. Ninafundisha shule ya msingi karibu na Ahero, na jioni huwanoa watoto katika kurusha tufe, kisahani na mkuki. Muhula uliopita msichana wangu mmoja alirusha tufe likapita alama za wenzake wote, akaruka kwa furaha akatokea mbele ya duara, na bendera nyekundu ikapanda. Nguvu alikuwa nazo. Nilichokuwa sijamfundisha ni kwamba mrushaji husubiri tufe litue, kisha hutoka kupitia nusu ya nyuma ya duara. Kosa hilo nalihesabu kuwa langu, kwa maana nilifundisha mkono nikasahau miguu. Naomba kila mmoja asimulie kanuni ya kurusha aliyoijua baada ya kupoteza, katika mchezo wowote ule, ili sisi tunaofundisha tujue pa kuanzia.

Mnandi wa Kapsabet
Pole, Mwalimu. Langu ni la mkuki. Tulipokuwa sekondari tulijifunzia mianzi iliyochongwa ncha, kwa sababu shule nzima ilikuwa na mkuki mmoja tu wa kweli, nao ulitolewa stoo siku ya mashindano. Mwanzi hauna uzito mbele, kwa hiyo huelea na kuanguka bapa, nasi tulipima umbali bila kujali ni upande gani uliotangulia kugusa chini. Siku yenyewe ilipofika, mkuki wangu wa kwanza ulitanguliza mkia, ukafutwa kwa haki. Wa pili ulitanguliza ncha, ukateleza juu ya nyasi kavu na kulala, na msimamizi akaufuta vilevile, akisema haukusimama. Huo ulikuwa halali! Kanuni inataka kichwa cha chuma kiguse ardhi kabla ya sehemu nyingine yoyote ya mkuki. Haidai uchome ardhi ukasimama. Kwa kuwa sikulijua hilo, nilikubali kimya na kurudi nyumbani, na hadi leo linaniuma.

Baadaye nilikuja kusoma kwamba mabingwa nao walisumbuliwa na jambo hilohilo. Mwaka 1984 Uwe Hohn wa Ujerumani Mashariki alirusha mita 104.80, ikaonekana wazi kwamba viwanja vinaelekea kuwa vidogo, na tena mikuki ya wakati ule ilitua bapa mara nyingi kiasi cha kuzua ubishi juu ya ncha. Kwa sababu hizo, mwaka 1986 kitovu cha uzito cha mkuki wa wanaume kilisogezwa mbele kwa sentimita 4, ili uinamishe ncha mapema na kuanguka karibu zaidi. Kwa hiyo mita 92.72 alizorusha Julius Yego, mtoto wa hapa kwetu Nandi, alipotwaa ubingwa wa dunia mjini Beijing mwaka 2015, zilirushwa kwa mkuki uliotengenezwa makusudi usifike mbali. Anayeziweka kando ya zile za Hohn bila kulitaja badiliko hilo anamdhulumu Yego.

Beki wa Kakamega
Mimi nilikuwa beki wa pembeni, na timu ilitegemea mipira yangu mirefu ya kurusha. Katika mechi moja tuliyokuwa nyuma kwa bao moja, dakika za mwisho, nilichukua mbio nikarusha hadi mbele ya lango, lakini mguu wa nyuma ukaacha ardhi kabla mpira haujatoka mikononi. Refa alipuliza kipenga na mpira ukapewa wapinzani waurushe wao. Sehemu ya kila mguu sharti iwe juu ya mstari au nje yake, mikono yote miwili itumike, na mpira utoke nyuma ya kichwa upite juu yake. Mguu unaweza kuburuzwa, mradi ncha ya kiatu isiache nyasi. Hilo tu ndilo lililonipita. Niongeze lingine ambalo hata washambuliaji wakubwa husahau, kwamba anayepokea mpira moja kwa moja kutoka kwa mrushaji hawezi kuwa ameotea. Timu inayolijua hilo hupata nafasi nyingi za bure.

Mama wa Kondele
Sikuwahi kushindana uwanjani, ila tulicheza kati hapa mtaani kwa mpira wa matambara, wawili wakirusha kutoka pande mbili na sisi tukikwepa katikati. Mwenzetu alipopigwa jichoni, akakaa siku kadhaa bila kulifumbua, tuliamua wenyewe kwamba mpira ukimpata mtu juu ya mabega hauhesabiwi na mrushaji hupoteza zamu. Tangu siku ile tulilenga miguu.

Raga Nakuru
Kwetu ni kutorusha mpira mbele. Ukitoka mikononi kuelekea mstari wa goli wa wapinzani, wao hupewa skramu, yaani kusukumana kwa kuinama baina ya timu mbili ili kuugombea mpira. Nilipoteza fainali ya shule kwa pasi moja ya namna hiyo, huku mwenzangu akiwa amebakisha hatua tatu afunge.

Mwalimu wa Ahero
Nawashukuru nyote kwa dhati. Mama, habari ya jicho imenifanya niwakusanye watoto asubuhi hii: hakuna anayerusha mpaka walioenda kuokota wawe wamerudi, na mkuki hurudishwa kwa kutembea nao, haurushwi kurudi kwa wenzako hata kama ni mwanzi. Msichana wangu jana alirusha mara sita, na mara zote sita alisubiri tufe litue, akageuka na kutoka kwa nyuma. Mnandi, nasi tunatumia mianzi. Je, nikizungushia waya mzito karibu na ncha ili uzito uende mbele, ni wapi hasa mtoto ashike?