Watu wa Washington D.C. tunalipa kodi kama wengine, seneta wetu yuko wapi?

Wakuu, leo yamenifika kooni.

Machi 2025 Bunge la Marekani lilipitisha bajeti iliyoulazimisha mji wetu kurudi kwenye matumizi ya mwaka uliotangulia. Pengo lilizidi dola bilioni moja, tena nyingi ni hela yetu wenyewe, kodi zilizokusanywa hapahapa mjini! Nikapiga simu ofisi ya seneta mmoja kulilia shule za watoto wetu. Binti aliyepokea akaniuliza namba ya posta ya ninapoishi. Nilipomtajia, akanijibu kwa upole: "Samahani, tunasikiliza watu wa jimbo letu."

Sasa sisi tusikilizwe na nani? D.C. ni mji mkuu wa Marekani lakini si jimbo, kwa hiyo haina seneta hata mmoja. Kwenye Baraza la Wawakilishi tuna mjumbe tu. Anaongea, anakaa kwenye kamati, lakini muswada ukifika kura ya mwisho hana kura.

Naishi karibu na Eastern Avenue, ambayo ndiyo mpaka. Jirani yangu wa ng'ambo yuko jimbo la Maryland, tunasalimiana tukitoa mapipa ya taka. Yeye ana maseneta wawili na mbunge mwenye kura. Kodi ya serikali kuu tunalipa wote, na jeshini vijana wa pande zote mbili wanakwenda.

Na msiniambie mji ni mdogo. Sensa ya 2020 ilituhesabu watu 689,545. Jimbo la Wyoming walikuwa 576,851, na maseneta wao wawili wanapiga kura juu ya mambo yangu.

Meya na baraza la jiji tunao kwa sheria ya 1973, ila Bunge likitaka linafuta tulichoamua. 2014 tulipiga kura kuhalalisha bangi, likatuzuia kuruhusu biashara yake. 2023 likaifuta sheria yetu mpya ya jinai. Hata ile bajeti, Seneti ilipitisha marekebisho ya kuturudishia hela, Baraza la Wawakilishi likayakalia mpaka leo!

Mwaka 2016 zaidi ya robo tatu ya waliopiga kura hapa tulitaka tuwe jimbo. Baraza la Wawakilishi likapitisha muswada wa kutufanya jimbo 2020, likaupitisha tena 2021. Seneti haikuupigia kura hata mara moja.

Ndugu zangu mlioko majimboni, ninyi mna namba za kupiga. Mkiulizwa mnaishi wapi hamtakatiwa simu. Wapigieni maseneta wenu, muwatajie D.C.