Naomba ushauri: michezo ya maandishi inagoma kwenye simu

Ndugu zangu, habari za jioni. Nipo Tanga, Ngamiani.

Nina michezo ile isiyo na picha: unasoma hadithi, unaandika amri kwa Kiingereza, hadithi inaendelea. Kwenye laptopu naicheza kwa programu ya Frotz bila shida, maana mafaili mengi ni ya .z5 na .z8, mfumo wa Z-machine uliobuniwa mwaka 1979.

Sasa mpwa wangu wa darasa la sita ameipenda mno. Kila jioni anakaa barazani na daftari la hesabu, anachora kila chumba alichoingia, mshale wa kaskazini, na mlango wenye kufuli anauwekea alama ya msalaba mwekundu. Kiingereza chake kimepanda, nami sitaki akatike njiani. Laptopu ni ya kazi, nasafiri nayo, hivyo nataka achezee simu ya Android.

Hapo ndipo nimekwama. Michezo mingine ni ya .gblorb, yaani mfumo mwingine uitwao Glulx, na simu haiifungui. Nilibadilisha jina la faili liwe .z8, bure kabisa, ndani ni kitu kingine. Parchment, programu ya mtandaoni, inaifungua kwenye kivinjari, lakini bando letu ni la kuungaunga.

Je, kuna programu moja inayosoma Z-machine na Glulx bila intaneti? Na alipofikia kwenye laptopu pamehifadhiwa kwa Quetzal, muundo wa faili la kuhifadhi mchezo. Nikihamishia simuni pamoja na faili lilelile la mchezo, ataendelea palepale? Aliyewahi kufanya anielekeze hatua kwa hatua. Jumatatu alfajiri nasafiri.