Ushauri: rubani mwanafunzi Rhodesia ya Kusini 1942, siku ya kuruka peke yake

MtunziWaRedio:
Wakuu, habari zenu. Naandika mchezo wa redio kuhusu kijana Mwingereza wa miaka 19 aliyejitolea RAF (jeshi la anga la Uingereza), akapelekwa Rhodesia ya Kusini (Zimbabwe ya leo) mwaka 1942, shule ya urubani ya Guinea Fowl karibu na Gwelo (sasa Gweru). Kilele ni siku anaporuka peke yake mara ya kwanza kwenye Tiger Moth, ndege ndogo ya mafunzo. Naomba kujua: anakuwa na saa ngapi za mafunzo? Injini inawashwaje? Ni kosa gani la kweli linaloweza kumponza? Pia nina mhusika Mwafrika pale kambini, naweza kumfanya mwanafunzi wa urubani?

PropelaYaMbao:
Mkuu, saa 8 mpaka 12 za kuruka na mwalimu ndiyo kawaida. Akizidi hapo bila kuachiwa ndege, anakaribia kuondolewa kwenye urubani na kupelekwa kusomea kazi nyingine ya angani, kama unavigeta. Hofu hiyo iweke wazi, maana marubani wote wa RAF walikuwa wa kujitolea na kuondolewa kuliwauma sana. Kumbuka pia kwamba somo la ndege kuzunguka kama pia lilitangulia siku hiyo, kwa hiyo kijana wako tayari anajua kujitoa humo: pedali ya usukani wa mkia yote upande wa pili wa mzunguko, atulie kidogo, kisha asukume fimbo ya kuongozea ndege mbele taratibu mpaka mzunguko ukome.

Anakaa kiti cha NYUMA. Kiti cha mbele kiko karibu na kitovu cha uzito, kwa hiyo kikibaki kitupu mizani haivurugiki sana. Mwalimu akishuka, lazima afunge mikanda ya kiti chake kwa kuikaza. Ikiachwa inaning'inia, inaweza kunasa fimbo ya mbele, na fimbo zote mbili zimeunganishwa. Usiliache hilo: mwalimu yuko juu ya bawa, injini inanguruma polepole, anavuta mikanda, anampiga kijana begani, anaondoka.

Kuwasha: starta hakuna. Vizuizi viko mbele ya magurudumu, mafuta yamefunguliwa, kabureta inajazwa mpaka petroli idondoke. Fundi anapaza sauti kwamba swichi zimezimwa na throtali (kidhibiti cha nguvu ya injini) imefungwa, rubani anarudia maneno yaleyale, ndipo fundi anazungusha propela mara chache ili injini ivute mafuta. Kisha throtali inafunguliwa kidogo, "Kontakti!", swichi juu, propela inavutwa chini kwa nguvu. Kabla haijashika utasikia "tak" ya magneto, kifaa kinachozalisha umeme wa cheche za injini. Kwa redio sauti hiyo ni dhahabu.

FundiMagneto:
Naongeza jambo moja la hatari. Swichi ya magneto ikizimwa haikati umeme, bali inaupeleka kwenye bodi ya ndege. Waya huo ukikatika, swichi inaonyesha imezimwa lakini magneto iko hai, na propela inaweza kumpiga fundi anapoizungusha. Ndiyo sababu fundi anasimama kila mara kama vile injini itawaka sasa hivi, na hajiegemezi kwenye propela.

Altimita:
Kosa unalolitafuta liko kwenye hewa ya pale. Gwelo iko mita 1,400 na ushei juu ya usawa wa bahari. Mchana wa nyuzi 30 hewa inakuwa nyepesi kwa karibu asilimia 20. Injini ya Tiger Moth, Gipsy Major, yenye nguvu za farasi 130 kwenye usawa wa bahari, inapungukiwa nguvu, na ndege inakimbia mbali zaidi kabla ya kuinuka.

Wakati wa kutua ndipo penye mtego. Kipimo cha kasi kikionyesha maili 60 kwa saa, ndege kwa kweli inakwenda kama 67. Kijana anaona majani yanapita mbio kuliko alivyozoea asubuhi kwenye baridi, anadhani ana kasi ya ziada, anainua pua. Mabawa yanapoteza mnyanyuko, ndege inaanguka mita chache za mwisho. Dawa ni kuamini kipimo, siyo macho.

Na ndege bila mwalimu ni nyepesi: inapanda haraka, na inaelea zaidi kabla ya kugusa ardhi.

MtunziWaRedio:
Asante sana Altimita. Ikidunda je, anaweza kuiokoa?

PropelaYaMbao:
Mdundo mdogo: ashikilie fimbo ilipo, aiache itulie yenyewe. Mdundo mkubwa: throtali yote, pua mbele kidogo ipate kasi, azunguke upya. Kinachoharibu ni kusukuma fimbo kwa hofu, kwa sababu mdundo wa pili unakuwa mbaya kuliko wa kwanza.

Akishagusa chini bado hajamaliza. Uzito uko nyuma ya magurudumu makuu, kwa hiyo pua ikipinda kidogo mkia unataka kuipita, na bawa la chini linakwaruza ardhi. Breki hakuna, ni pedali tu, mapema na kidogokidogo.

MlinziWaUwanja:
Kuhusu mhusika Mwafrika: RAF iliondoa kizuizi cha rangi mwaka 1939 kwa muda wa vita, lakini shule za Rhodesia ya Kusini hazikuwa mahali pa kumweka kama mwanafunzi. Waafrika walilinda viwanja na kufanya kazi humo chini ya Rhodesian Air Askari Corps. Mpe heshima ya kazi hiyo. Askari wa zamu anaona kila ndege inayotua, na baada ya miezi kadhaa anajua kwa sikio nani atadunda.

Tumia sikio hilo. Throtali ikifungwa kwa kutua, nyaya za mabawa zinapiga mluzi. Kasi ikipungua mno mluzi unafifia, na askari anaugeuzia uso uwanja kabla mwalimu hajasema neno.